Maneno yanapogeuka mdundo: Nyimbo za Kifaransa mikononi mwa madijei

Neno disko tunalitumia kila uchao pasi na kujiuliza lilikotoka. Asili yake ni Kifaransa. Wafaransa waliliangalia neno lao bibliothèque, yaani maktaba, wakaondoa vitabu, wakatia santuri, wakapata discothèque. Kwa hivyo disko, kabla ya kuwa mahali pa kutokwa na jasho, lilikuwa maktaba: mkusanyiko wa santuri zilizopangwa na kutunzwa. Baadaye neno likahamia kwenye kumbi ambamo watu waliserebuka kwa santuri badala ya bendi. Husimuliwa kuwa mwaka wa 1953, katika ukumbi wa Whisky à Gogo jijini Paris, mwanamke aliyejulikana kama Régine aliiondoa ile mashine ya kutumbukiza sarafu, akaweka mashine mbili za kuchezea santuri ili muziki usikatike. Mbili, si moja. Penye santuri mbili pana uwezo wa kuunganisha hii na ile, na penye kuunganisha hapakosi kukata.

Nimeanza na neno hilo kwa sababu limebeba swali ninalotaka tulijadili leo. Je, ukumbi wa densi huyatunza maneno ya wimbo kama maktaba, au huyatafuna? Nyimbo za Kifaransa za miaka ya themanini na tisini, na hata za juzijuzi, zinafumuliwa na kusukwa upya na madijei wa Ulaya na kwingineko. Vijana wetu wa Nairobi na Mombasa wanazirukia usiku wa Ijumaa ilhali Kifaransa chao kinaishia kwenye bonjour. Wapo wanaolalamika kwamba huku ni kuiua lugha. Wapo wanaoshangilia kwamba lugha imevuka mipaka bila pasipoti. Kwa maoni yangu, historia ya nyimbo hizi haiwaungi mkono hao wala hawa.

Kwanza tuelewane kuhusu istilahi, maana hapa ndipo watu hukoroga mambo. Msanii akiuimba wimbo wa mwenzake kwa sauti yake mwenyewe, ameurudia. Lakini dijei akiichukua sauti ileile ya mwimbaji wa awali kama ilivyorekodiwa, akaivua ala zilizokuwa nyuma yake, akaivika ngoma nyingine, akaongeza au kupunguza kasi, akarefusha hapa na kukata pale, hiyo ndiyo rimiksi. (Kiswahili bado hakijaafikiana kuhusu jina la kitu hiki. Wengi husema rimiksi, nami sioni haja ya kumlazimisha mtu jina jingine.) Mbinu yenyewe haikuzaliwa Ufaransa. Wajamaika walikuwa wakiondoa sauti za waimbaji na kubakisha besi na ngoma tangu mwishoni mwa miaka ya sitini. Jijini New York, Tom Moulton akazoea kuzirefusha nyimbo ili mchezaji asikatizwe utamu, na mwaka wa 1976 Walter Gibbons akaurefusha wimbo “Ten Percent” wa kundi la Double Exposure, ukauzwa madukani katika santuri ya inchi 12. Tangu hapo wimbo mmoja ukawa na maisha mawili, ule mfupi wa redioni na ule mrefu wa ukumbini.

Sasa turudi Ufaransa. Kabla ya rimiksi, mara nyingi wimbo wa Kifaransa ulivuka bahari kwa kutafsiriwa. Mfano maarufu kuliko yote ni “Comme d'habitude”, ulioimbwa na Claude François mwaka wa 1967. Jina lake lina maana ya “kama ilivyo ada”. Ni wimbo wa huzuni kuhusu mke na mume ambao penzi lao limepoa, wanaamka, wanavaa, wanalala, kila kitu kwa mazoea. Mwimbaji na mtunzi wa Kanada, Paul Anka, akainunua haki ya wimbo huo, akauandikia maneno ya Kiingereza, na Frank Sinatra akautoa mwaka wa 1969 kwa jina la “My Way”. Je, mke na mume wako wapi? Hawapo. Badala yao kuna mzee anayeyatazama maisha yake na kujigamba kwamba aliyaishi alivyotaka. Muziki ulisafiri, maneno yakaachwa kwenye uwanja wa ndege. Watu wengi duniani wanaoupigia kinanda wimbo huo kwenye mazishi hawajui kwamba chini ya majigambo yale kuna nyumba baridi ya Wafaransa wawili.

Hiyo ndiyo iliyokuwa kanuni ya enzi ile, na haikumhurumia mtu. Claude François mwenyewe, aliyezaliwa Ismailia nchini Misri, aliingia kwenye disko kwa miguu miwili. Kibao chake “Alexandrie Alexandra”, chenye maneno ya Kifaransa yaliyoandikwa na Étienne Roda-Gil, kilitolewa Machi 1978, siku ileile aliyozikwa, baada ya kufa kwa kupigwa na umeme bafuni. Hadi leo harusi ya Kifaransa haikamiliki bila wimbo huo. Lakini nje ya nchi zinazozungumza Kifaransa, ni nani anayeujua? Wenzake waliotaka kusikika mbali waliivua lugha yao mlangoni kama anayevua viatu. Patrick Juvet, Mswisi, aliimba “Où sont les femmes?” kwa Kifaransa mwaka wa 1977, mwaka uliofuata akaja na “I Love America”, na jina la wimbo linatosha kueleza lugha iliyotumika. Cerrone aliimbiwa kwa Kiingereza. Patrick Hernandez aliitikisa dunia mwaka wa 1979 kwa “Born to Be Alive”. Sheila, kipenzi cha Wafaransa tangu utoto wake, aliandikiwa “Spacer” na Nile Rodgers na Bernard Edwards wa kundi la Chic. Disko likawa neno la Kifaransa lenye maneno ya Kiingereza.

Mambo yaligeuka kwa wimbo mmoja. Mwishoni mwa mwaka wa 1986, mwanamke aliyejiita Desireless alitoa “Voyage, voyage”, utunzi wa Jean-Michel Rivat na Dominique Dubois. Maana yake kwa Kiswahili ni “safari, safari”, na msomaji atanisamehe nikikumbusha kwamba safari ni neno letu ambalo Waingereza na Wafaransa wamelichukua wakakataa kulirudisha. Wimbo ulitamba bara zima la Ulaya. Uingereza, kama kawaida yake, iliutazama kwa jicho la pembeni. Kisha mwaka wa 1988 Pete Hammond, fundi wa sauti aliyefanya kazi katika kampuni ya Pete Waterman, akaufanyia rimiksi. Hakumwita mtu auandikie maneno ya Kiingereza. Aliiacha sauti ya Desireless na Kifaransa chake, akaubadilisha mwili wa muziki ulingane na masikio ya vilabu vya Uingereza. Ukafika nambari 5 kwenye orodha ya vibao vya nchi hiyo.

Hebu tusimame hapa kidogo. Miaka 20 hivi awali, ili Kifaransa kiingie Uingereza au Marekani mara nyingi ilibidi kife na kufufuka kikiwa Kiingereza. Sasa kimeingia kizima. Nini kilichobadilika? Si kwamba Waingereza walijifunza Kifaransa. Kilichobadilika ni kazi ya maneno ndani ya wimbo. Katika wimbo wa kusikilizwa ukiwa umeketi, maneno ni ujumbe. Katika wimbo wa ukumbini, maneno ni ala mojawapo, yamesimama safu moja na besi na ngoma. Ala haihitaji mkalimani. Isitoshe, Rivat na Dubois, kwa kujua au kwa bahati, walichagua neno ambalo Waingereza pia wanalo na wanaliandika vivyo hivyo, ingawa wanalitamka kwa namna nyingine. Msikilizaji alipata mlango mmoja wa kuingilia. Vyumba vingine vya wimbo vilibaki gizani, na hakuna aliyejali.

Kwa hivyo tuna enzi mbili, na kila enzi ina hasara yake. Enzi ya tafsiri iliipoteza lugha na mara nyingi maana pia, kama tulivyoona kwa Sinatra. Enzi ya rimiksi inaihifadhi lugha na kuipoteza maana. Anayesema rimiksi inakiua Kifaransa asisahau kwamba kabla yake Kifaransa kilikuwa nadra ukumbini. Naye anayeshangilia kwamba Kifaransa kimeiteka dunia hajajiuliza ni Kifaransa gani hicho kisichoeleweka.

Serikali ya Ufaransa nayo haikuketi ikitazama. Mwaka wa 1994 bunge lilipitisha sheria ya kuvilazimisha vituo vya redio kupiga nyimbo za Kifaransa kwa angalau asilimia 40 katika saa zenye wasikilizaji wengi, na agizo hilo likaanza kutekelezwa Januari 1996. Sisi Wakenya, ambao tumebishana miaka nenda miaka rudi kuhusu kiasi cha muziki wa nyumbani kinachostahili kupigwa redioni, tunaweza kuvutiwa na kilichofuata. Wengi hukubali kwamba sheria hiyo iliwafaa sana wanarapu wa Kifaransa. Lakini katika densi, ni miaka hiyohiyo ambapo vijana wa Paris waliiteka dunia kwa Kiingereza! Daft Punk walitoa albamu yao ya kwanza mwaka wa 1997, Stardust wakafuata mwaka wa 1998, Modjo mwaka wa 2000. Nyimbo zao zilizotamba zote ni za Kiingereza, na baadhi zina maneno machache mno yanayorudiwarudiwa. Sheria iliishika redio. Haikuwa na mkono wa kufika kwenye mashine mbili za Régine.

Aliyekirudisha Kifaransa ukumbini si Mfaransa. Ni Kate Ryan, mwimbaji wa Ubelgiji ambaye lugha yake ya kwanza ni Kiholanzi. Wanaoijua Ubelgiji wanajua kwamba mpaka kati ya Kiholanzi na Kifaransa pale umeziangusha serikali kadhaa. Huyu binti wa upande wa Kiholanzi alichukua nyimbo za dada zake wakubwa wa Ufaransa, akazirudia kwa mdundo wa vilabu: “Désenchantée” ya Mylène Farmer mwaka wa 2002, “Voyage, voyage” mwaka wa 2007, “Ella, elle l'a” ya France Gall mwaka wa 2008. Kwa fasili niliyoitoa hapo juu, hizi ni nyimbo zilizorudiwa, si rimiksi halisi. Ila ndizo zilizowafungulia njia madijei wa leo, kwa kuwaonyesha kwamba kuna hazina imelala na kwamba hadhira isiyojua Kifaransa ipo tayari kuinunua.

Tutazame nyimbo mbili kati ya hizo. “Désenchantée”, yaani aliyekatika tamaa, ilitoka mwaka wa 1991, wakati wa Vita vya Ghuba na muda mfupi baada ya maandamano makubwa ya wanafunzi nchini Ufaransa. Ni kilio cha kizazi kisichojua kishike lipi. Katika mdundo wa 2002, kilio hicho kikawa wimbo wa kuruka mikono juu. “Ella, elle l'a” ni kisa tofauti. Michel Berger aliutunga mwaka wa 1987 kumsifu Ella Fitzgerald, na kichwa chake ni mchezo wa sauti: jina Ella, kisha maneno mawili yenye maana ya “yeye anacho”, ambayo yakitamkwa haraka yanalifanana jina hilo. Anacho nini? Kile kipaji kisichoelezeka. Hakuna mfasiri atakayelihamisha fumbo hilo hadi lugha nyingine bila kulivunja. Lakini dijei hahitaji kulihamisha. Berger aliyajenga maneno yake juu ya sauti tangu mwanzo, na sauti ndiyo mali ya dijei. Hii ndiyo sababu sikubaliani na wasomi wenzangu wanaofikiri kwamba ukumbini maneno daima huwa takataka. Yapo maneno yaliyotungwa ili yasikike kabla ya kueleweka, na rimiksi huyatendea haki kuliko kamusi.

Kisha akaja Stromae. Jina lake ni maestro lililogeuzwa silabi, kwa mtindo ambao Wafaransa huuita verlan. Msemaji yeyote wa Sheng anayesema risto akimaanisha stori anaufahamu mchezo huo bila kwenda Paris. Baba yake alikuwa Mnyarwanda, akauawa katika mauaji ya kimbari ya 1994. Mama yake ni Mbelgiji. Mwaka wa 2009 alitoa “Alors on danse”, yaani “basi tunacheza”. Wimbo unaorodhesha masaibu: masomo, kazi, madeni, talaka, msiba. Mtu akishaelemewa, anatoka akacheze. Wimbo unaoulaumu ukumbi kwa kutusahaulisha ukawa wimbo wa ukumbi. Mwaka wa 2010 ukatoka toleo ambalo Kanye West aliongeza ubeti wake wa Kiingereza juu ya Kifaransa cha Stromae bila kukifuta. Toleo hilo tutalirudia baadaye kidogo.

Lakini kwa msomaji wa Afrika, mfano mzito kuliko yote hautoki Paris wala Brussels. Unatoka Abidjan. Mwaka wa 1999 kundi la Magic System la Ivory Coast, likiongozwa na Salif Traoré almaarufu A'Salfo, lilitoa “Premier Gaou”. Mtindo wake ni zouglou, uliozuka miongoni mwa wanafunzi wa chuo kikuu cha Abidjan mapema miaka ya tisini ili kuyacheka maisha yao magumu. Wimbo ulienea Afrika nzima. Hapa kwetu ulipigwa hadi kwenye matatu na harusi. Kisha Bob Sinclar, dijei wa Paris aliyejipa jina kutokana na mhusika wa filamu moja ya Belmondo, akaufanyia rimiksi, na mwaka wa 2002 ukawa miongoni mwa vibao vikubwa nchini Ufaransa.

Kisa chake ni hiki. Kijana ana pesa kidogo na mpenzi aitwaye Antou. Pesa zinapokwisha, Antou anahama. Kijana anajaliwa kujua kuimba, anarekodi kaseti, anaonekana kwenye runinga. Antou anasikia, anarudi kumvuna yule mshamba wake wa zamani. Hoja ya kiitikio ni kwamba aliyedanganywa mara ya kwanza si mjinga. Mjinga ni yule anayedanganywa mara ya pili. Wazee wetu wangemjibu kwa ule mfano wa muumini na nyoka wa tundu moja.

Lugha ya wimbo huo huitwa Kifaransa, na ni Kifaransa, lakini ndani yake kuna nouchi, lugha ya vijana wa Abidjan iliyochota Kifaransa, Kijula na lugha nyingine za nchi ile, kama vile Sheng ilivyochota Kiswahili, Kiingereza na lugha zetu. Gaou ni mshamba, bwege. Go ni msichana. Maquis ni kibanda cha chakula na vinywaji cha mtaani. Kitenzi couper, ambacho kwa Kifaransa cha shuleni ni kukata, kwa nouchi ni kumlaghai mtu ukamchuna pesa. Ndicho kilichozaa jina la mtindo wa coupé-décalé baadaye. Hapa kuna jambo ambalo mjadala huu husahau. Mfaransa wa Lyon aliyecheza rimiksi ya Sinclar alikuwa katika hali ileile ya kijana wetu wa Nairobi. Gaou halikuwa neno la shuleni kwake. Aliucheza wimbo wa lugha yake mwenyewe kama mgeni, na hakufa. La ajabu ni kwamba baadhi ya maneno ya nouchi, kama go na s'enjailler, ambalo asili yake ni enjoy ya Kiingereza, leo yamo katika kamusi za Kifaransa. Walioyapeleka huko si walimu. Ni muziki, na rimiksi ikiwemo. Wanaoidharau Sheng waliandike hilo mahali.

Pia kuna upande wa hasara, nao siwezi kuufumbia macho. Beti za “Premier Gaou” zinaitaja Rue Princesse, mtaa wa Yopougon uliojaa maquis, ambako kijana na Antou walistarehe enzi za pesa. Agosti 2011 serikali ilizibomoa kumbi za mtaa huo. Sasa mtaa ule unaishi katika kumbukumbu na katika beti za wimbo. Dijei anayechukua kiitikio peke yake, akakizungusha mara 20 juu ya ngoma, ameubomoa mara ya pili.

Na kuchukua kiitikio peke yake kumekuwa rahisi mno. Zamani dijei alihitaji kampuni ya santuri impe sauti ya mwimbaji iliyorekodiwa kando. Bila ruhusa hakuwa na la kufanya. Mnamo Novemba 2019 kampuni ya Kifaransa ya Deezer iliitoa bure programu iitwayo Spleeter, inayotumia akili unde kutenganisha sauti na ala katika wimbo wowote uliokwisha kutolewa. Siku hizi programu za aina hiyo zimejaa. Kijana mwenye kipakatalishi chumbani mwake Umoja au Likoni ana uwezo ambao studio kubwa za miaka ya themanini hazikuwa nao. Simlaumu. Ila anapokata, anakata bila mtu wa kumuuliza kwa nini.

Mfano wa hivi karibuni ni “Vois sur ton chemin”. Huu si wimbo wa densi asilani. Bruno Coulais aliutungia filamu ya “Les Choristes” ya mwaka wa 2004, inayosimulia wavulana watukutu wa shule ya bweni mwaka wa 1949, na unaimbwa na kwaya ya watoto. Ujumbe wake ni kwamba tusiwapite njiani watoto waliosahauliwa. Mwaka wa 2023 dijei wa Ujerumani ajiitaye Bennett aliutia ngoma za tekno, ukalipuka vilabuni na kwenye mitandao. Sauti za watoto wanaoomba wasisahauliwe zinapaa juu ya umati unaonuia kusahau kila kitu hadi Jumatatu. Nimeusikia mara kadhaa na nakiri kwamba unasisimua. Lakini msisimko wake unatoka kwa watoto wale, si kwa ngoma.

Sasa tuje nyumbani, maana si haki kuwajadili Wafaransa kana kwamba sisi tunatazama kutoka ng'ambo ya mto. Kwanza, Kifaransa kilikuwa kwenye muziki wetu kitambo. Mwaka wa 1978 wanamuziki waliojitenga na Simba Wanyika waliunda bendi hapa Nairobi, wakaiita Les Wanyika. Angalia jina hilo kwa jicho la sarufi: “les” ya Kifaransa ni alama ya wingi, na “wa-” ya Kiswahili ni alama ya wingi. Wingi mara mbili! Hawakuwa Wafaransa wala Wakongo. Waliitaka ile harufu ya Kinshasa na Paris, wakaichovya kwenye Kiswahili, kisha wakatuimbia “Sina Makosa” kwa Kiswahili kinachoeleweka na kila mtu. Hapo lugha ya kigeni ilikuwa pambo la mlangoni, na maana ikabaki sebuleni.

Pili, sisi tumewahi kukaa kwenye kiti cha Claude François. Mwaka wa 1981 kundi la Boney M., chini ya mtayarishaji Mjerumani Frank Farian, liliurudia wimbo “Malaika” kwa mtindo wake na kwa Kiswahili. Malumbano kuhusu nani aliyeutunga ni marefu na sitayaingilia leo. Ninachotaka kusema ni kwamba “Malaika” ni wimbo wa pesa. Kijana anampenda msichana na hawezi kumwoa kwa sababu hana mahari. Wazungu waliousakata hawakusikia mahari. Walisikia neno tamu lenye irabu nyingi. Kisa cha Antou na cha yule kijana wetu ni ndugu wa tumbo moja, umaskini ukiwa mama yao, na vyote viwili vimefika Ulaya bila umaskini huo kusikika.

Je, ipo njia ya tatu? Washairi wetu waliijua tangu zamani. Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir, mtunzi wa “Al-Inkishafi”, aliyachukua maneno yanayonasibishwa na Fumo Liyongo, na kwa kila mishororo miwili ya Liyongo akatunga mitatu yake na kuitanguliza, zikapatikana beti za mishororo mitano. Ndiyo maana ikaitwa takhmisi, kutokana na neno la Kiarabu la tano. Takhmisi ni rimiksi kamili: kazi ya zamani, mkono mpya, hadhira mpya. Lakini sharti lake ni gumu. Anayekuja nyuma anaongeza; hana ruhusa ya kupunguza hata silabi ya mwenyewe. Kanye West, bila kumsikia Sayyid Abdallah, alikaribia utaratibu huo alipoongeza ubeti wake juu ya Stromae. Madijei wengi wanafanya kinyume chake: wanapunguza maneno ili kuongeza ngoma.

Sisemi tuwafundishe madijei arudhi. Nasema kwamba sheria yenyewe inamtambua mtunzi. Ufaransa inampa haki ya kupinga kazi yake kuharibiwa, na haki hiyo haifi hata yeye akifa. Sheria yetu ya Hakimiliki ya mwaka wa 2001 nayo inaitambua haki ya mtunzi ya kupinga kazi yake ikipotoshwa. Ni wangapi kati ya watunzi wetu wazee wanaolijua hilo? Na watangazaji wetu wa redio, wanapocheza rimiksi ya wimbo wa zamani, uwe wa Kifaransa, Kilingala au Kiswahili, hawapotezi chochote wakimtaja mtunzi na kueleza kwa sentensi mbili wimbo unasema nini. Sekunde 15 zinatosha.

Hamu ya kujua ipo. Sisi Wakenya kwa miongo mingi tumeuita muziki wote wa Kongo “Lingala”, tukilitumia jina la lugha kwa muziki bila kuijua lugha yenyewe. “Kasongo” ya Orchestra Super Mazembe tuliicheza tangu miaka ya sabini bila kuuliza. Mwishoni mwa mwaka wa 2024 vijana wakaufufua wimbo huo mitandaoni na kumpachika Rais jina hilo liwe lakabu. Ghafla watu wakaanza kuulizana: Kasongo ni nani, na huyo anayemwita anataka nini? Tafsiri zikachapishwa kila mahali, na Wakenya wakagundua kwamba walichokuwa wakikirukia miaka yote ile ni sauti ya mwanamke anayemsihi mumewe arudi nyumbani.